UKURASA WA AFYA: Umerudi kwa ajili gani? Jinsi jeraha la kung'atwa linavyoandikwa siku za marudio



Katika somo la mwezi huu tunataka tuitazame karatasi. Hatutazami sana kidonda chenyewe, bali ile karatasi inayoandikwa juu ya kidonda pale mtu aliyeng'atwa na mbwa anaporudi zahanati mara ya pili, ya tatu na ya nne. Wengi wetu hudhani hayo ni mambo ya makarani na waganga, na kwamba kazi ya mgonjwa ni kunyoosha mkono achomwe sindano kisha aende zake. Lakini kwa upande wa majeraha ya mbwa, neno moja lililosahauliwa kwenye cheti linaweza kumfanya mtoto akose sindano iliyokuwa imlinde na kifo. Ndiyo maana tumeona tulieleze jambo hili kwa lugha ya kila siku, ili mama au baba anayempeleka mtoto ajue yanayoandikwa, na aweze kuuliza yakikosekana.

Majeraha mawili kwa jino moja

Mbwa akimng'ata mtu huacha majeraha mawili. La kwanza tunaliona: nyama imechanika, damu inatoka, baadaye panavimba na pengine kutunga usaha. La pili halionekani. Kama mbwa yule alikuwa na kichaa, mate yake yamekwisha kuingiza kirusi ndani ya nyama, nacho kirusi huifuata mishipa ya fahamu polepole hadi kwenye ubongo. Safari hiyo kwa kawaida huchukua miezi miwili au mitatu, ingawa wapo waliougua baada ya wiki moja tu, na wengine baada ya mwaka au zaidi. Dalili zikishatokea, yaani kuogopa maji, kuhangaika, kushindwa kumeza na kupooza, karibu kila mgonjwa hufa. Dawa ya kumponya haipo. Ila kabla ya hapo upo muda wa kumwokoa, na njia yake ni kuosha jeraha na kuchanja kwa tarehe zilizopangwa.

Hapo ndipo ulipo mtego. Jeraha linaloonekana mara nyingi hufunga mapema kuliko chanjo inavyokamilika. Mama anatazama mguu wa mwanawe, anaona ngozi mpya, anajisemea moyoni amepona, nauli ya kwenda hospitali ya kilomita thelathini bora ikanunue unga. Hatumlaumu. Kidonda kimemdanganya, na kama cheti nacho kimeandikwa "kidonda" tu, basi cheti kimesaidia kumdanganya.

Hata hapo mwanzo chanjo hii haikuwa tiba ya siku moja. Tarehe 6 Julai 1885, huko Paris, mtoto wa miaka 9 aitwaye Joseph Meister, aliyekuwa ameumwa vibaya na mbwa, alianza kuchanjwa chini ya uangalizi wa mtaalamu Louis Pasteur. Alichomwa sindano 13 ndani ya siku 11, akapona. Siku hizi sindano ni chache zaidi, na ratiba ziko za namna kadhaa. Shirika la Afya Duniani katika mwongozo wake wa mwaka 2018 linakubali sindano ndogo za ndani ya ngozi sehemu mbili kwa siku ya 0, ya 3 na ya 7. Au sindano ya msuli siku ya 0, ya 3, ya 7 na ya nne kati ya siku ya 14 na ya 28. Ipo pia ratiba ya zamani ya sindano tano za msuli: siku ya 0, 3, 7, 14 na 28. Kila hospitali hufuata ile inayolingana na chanjo iliyo nayo na mwongozo wa Wizara. Kwa hiyo haitoshi cheti kuandikwa "arudi kwa sindano". Lazima kiseme ni ratiba ipi, na mgonjwa amefika wapi.

Hapa tuongeze neno juu ya hiyo siku ya 0, maana ndiyo inayowachanganya watu. Siku ya 0 ni siku ya sindano ya kwanza. Haihesabiwi kuwa ya kwanza. Aliyeanza Jumatatu hurudi Alhamisi kwa siku ya 3, na Jumatatu inayofuata kwa siku ya 7. Tena angalieni jambo jema la kukumbuka: siku ya 7, ya 14 na ya 28 daima huangukia siku ileile ya juma uliyoanza. Umeanza Jumapili baada ya Misa, basi siku ya 7 ni Jumapili, na ya 28 ni Jumapili.

Msimbo ni kitu gani?

Tukienda hospitali, pembeni ya maneno ya daktari tunaona wakati mwingine herufi moja na tarakimu mbili tatu: S81, W54, Z24.2. Huo ndio msimbo wa ugonjwa. Wahudumu wengine huuita "kodi", na tumewahi kusikia mzee mmoja akilalamika kwamba hata mbwa sasa anatozwa kodi. Hapana, mzee wetu. Ni namna tu ya kuliita jambo moja kwa jina moja duniani kote, ili daktari wa Songea, wa Lubumbashi na wa Roma wakisoma S81 waelewe wote kwamba ni jeraha la wazi la mguu chini ya goti.

Kazi hii ni ya siku nyingi. Mwaka 1893, katika mkutano uliofanyika Chicago, Mfaransa Jacques Bertillon alileta orodha ya sababu za vifo, nayo ikaanza kutumiwa na nchi mbalimbali. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani liliichukua kazi hiyo na kuingiza magonjwa pamoja na vifo. Toleo la kumi lilipitishwa mwaka 1990 na kuanza kutumika mwaka 1994. La kumi na moja limeanza rasmi tarehe 1 Januari 2022, lakini nchi zinahamia huko kila moja kwa mwendo wake, na fomu nyingi bado zinabeba misimbo ya toleo la kumi. Sisi katika somo hili tutatumia hilo la kumi.

Tuchukue mfano. Mtoto wa darasa la tatu, tumwite Agnesi, ameng'atwa mguuni chini ya goti na mbwa asiyejulikana wakati akitoka shuleni, Jumatatu, barabarani. Nyumbani wameosha jeraha kwa maji yanayotiririka na sabuni kwa dakika 15, kama ipasavyo, kisha wamempeleka kituo cha afya siku hiyohiyo. Mganga anaandika mambo matatu. Kwanza jeraha: S81. Pili kilicholeta jeraha: W54, yaani kung'atwa au kupigwa na mbwa. Tarakimu inayofuata baada ya nukta husema mahali: 0 nyumbani, 2 shuleni, 4 barabarani, 7 shambani. Kwa Agnesi ni W54.4. Tatu hatari aliyokutana nayo: Z20.3, maana yake amekutana na kitu kinachoweza kumwambukiza kichaa cha mbwa.

Msimbo wa ugonjwa wenyewe wa kichaa cha mbwa ni A82, na Agnesi hastahili kuandikiwa huo. Yeye si mgonjwa wa kichaa. Ni mtu aliye hatarini na anayekingwa. Karani akiona kwenye cheti maneno "kichaa cha mbwa" akakimbilia A82, taarifa ya mwezi itaonyesha kwamba kituo kimepata mgonjwa wa kichaa, na wilaya itashtuka. Tena baada ya miezi sita taarifa zitaonyesha mgonjwa wa kichaa aliyepona, jambo ambalo daktari yeyote atalitilia shaka.

Alhamisi Agnesi anarudi. Sasa swali ni lile la kichwa cha somo letu: amerudi kwa ajili gani? Kama amekuja kuchanjwa, msimbo ni Z24.2, haja ya chanjo ya kichaa cha mbwa. Kama kilichomleta ni kubadilishiwa bendeji au kutolewa nyuzi tu, ni Z48.0. Kama jeraha limevimba, lina joto na linatoa usaha, basi hilo ndilo lililomleta, nalo lina msimbo wake, T79.3, wa jeraha lililoingiliwa na vijidudu. Na kama bado jeraha lenyewe linatibiwa hasa, S81 inaendelea kuandikwa. Mara nyingi Agnesi atakuja kwa mambo mawili kwa pamoja, na yote mawili yaandikwe. Chini ya yote yaendelee kuwapo W54.4 na Z20.3.

Kwa nini hayo mawili ya mwisho yarudiwe kila mara? Kwa sababu Z24.2 peke yake haisemi mtu ameumwa. Bwana mifugo anayechanjwa mapema kwa sababu ya kazi yake naye huandikwa Z24.2. Na Z48.0 peke yake haisemi lolote: inaweza kuwa bendeji ya panga, ya jipu au ya kuungua. Mbwa amepotea kwenye karatasi.

Mbwa akipotea kwenye karatasi

Tuendelee na Agnesi. Mwishoni mwa juma umetokea msiba, naye amechukuliwa kwenda kwa bibi yake kijiji kingine. Jumatatu, ambayo ni siku ya 7, bibi mwema anampeleka zahanati ya hapo. Cheti cha Alhamisi kimeandikwa: "Kidonda mguuni. Kimesafishwa. Arudi Jumatatu." Muuguzi wa zamu ni mtu wa bidii. Anafungua bendeji, anaona kidonda kinakauka vizuri, anakisafisha, anamsifu mtoto kwa kutolia, anamwambia bibi asirudi tena. Katika rejista anaandika S81, mgonjwa mpya.

Hakuna mtu mbaya katika habari hii. Bibi ametimiza wajibu wake, muuguzi naye ametimiza wake. Lakini Agnesi amekosa sindano ya siku ya 7, na hakuna mtu anayejua kwamba ameikosa. Kama mbwa yule alikuwa mzima, mtoto ataendelea na masomo yake na hakuna atakayekumbuka. Kama hakuwa mzima, kinga ya mtoto imeachwa njiani.

Tazameni pia yaliyotokea kwenye hesabu. Mtoto mmoja aliyeng'atwa mara moja amekuwa wagonjwa wawili: mmoja wa mbwa katika kituo cha kwanza, na mmoja wa jeraha lisilo na sababu katika zahanati ya pili. Rejista ya wagonjwa wa nje katika mfumo wetu wa taarifa za afya, ule tuujuao kwa jina la MTUHA, hutenganisha mahudhurio mapya na ya marudio. Kutenganisha huko si urembo. Tuseme kituo kimetoa taarifa ya mahudhurio 100 ya chanjo ya mbwa. Je, ni watu 100 waliochomwa sindano moja wakatoroka, au ni watu 25 waliokamilisha sindano nne? Ukitazama namba 100 tu huwezi kujua. Anayeagiza chanjo kwa mwaka ujao anakisia, na kukisia kwake kukikosea ndiko kunakoleta ile habari tunayoijua: mtu amefika siku ya 3, friji haina kitu, aambiwe ajaribu mkoani.

Lakini pakiandikwa mpya 40 na marudio ya siku ya 7 ni 22, mganga mwenye macho anaona papo hapo kwamba watu 18 hawakurudi. Majina yao yako rejistani. Wanaweza kutafutwa kwa simu, kwa mhudumu wa afya wa kijiji, au kwa tangazo baada ya Misa bila kutaja majina. Hesabu imegeuka kuwa watu.

Kwamba jambo hili si dogo tunaona kutokana na utafiti uliochapishwa mwaka 2002 katika jarida la Shirika la Afya Duniani, ukiongozwa na Sarah Cleaveland, kuhusu nchi yetu ya Tanzania. Taarifa rasmi zilionyesha wastani wa vifo kama 11 kwa mwaka kutokana na kichaa cha mbwa. Watafiti walipohesabu kwa kuanzia watu walioumwa na mbwa wanaoshukiwa, walikadiria vifo vipatavyo 1,500 kwa mwaka. Tofauti ni zaidi ya mara mia moja. Wengi wa hao walikufa nyumbani, na kifo cha nyumbani hakiingii rejistani. Nchi ikiona vifo 11 itapanga fedha za vifo 11. Kama ingeona 1,500, tunaamini mazungumzo juu ya kuchanja mbwa yangekuwa mengine kabisa, maana mbwa ndio wanaoleta hadi asilimia 99 ya vichaa vya binadamu, na kuwachanja wao ndiko kunakokata mzizi.

Kwa wale wanaosoma vitabu vya Marekani

Baadhi ya masista na waganga wetu wamepata vitabu na programu za kompyuta kutoka Marekani, nao wametuuliza mbona misimbo yao ni mirefu. Wamarekani walianza kutumia toleo la kumi tarehe 1 Oktoba 2015, lakini walilipanua kwa mahitaji yao. Katika majeraha wameongeza herufi ya saba mwishoni. A ni kwa wakati mgonjwa bado anapata tiba kamili ya jeraha. D ni kwa marudio, jeraha likiwa katika kupona: kubadilisha bendeji, kutoa nyuzi, kutazamwa. S ni kwa athari iliyobaki baada ya jeraha kwisha, kama vile kovu linalovuta kidole. Kwa hiyo aliyeng'atwa mguu wa kulia chini ya goti ni S81.851A mwanzoni, na akirudi kutazamwa ni S81.851D, mbwa naye anabadilika pamoja naye, kutoka W54.0XXA kuwa W54.0XXD. Kwao Z48 haitumiki kwa utunzaji wa jeraha la ajali, kwa kuwa D imekwisha kufanya kazi hiyo.

Sisi tunaupenda utaratibu wa D, kwa maana unamlazimisha mwandishi ajibu swali: huyu ni mpya au amerudi? Lakini tunaonya. W54.0 ya Marekani maana yake ni kung'atwa na mbwa, na W54.1 ni kupigwa kumbo na mbwa. W54.0 ya Shirika la Afya Duniani maana yake ni mbwa, nyumbani. Anayechanganya vitabu hivyo viwili atawafanya watoto wote walioumwa njiani waonekane wameumwa sebuleni kwao, na afisa mifugo atafute mbwa wa kufugwa wakati mbwa mwenyewe ni wa jalalani. Chagueni kitabu kimoja, kile cha Wizara, mshike hichohicho.

Juu ya wanyama wengine tutasema kwa ufupi. Paka na wanyama wengine wanyonyao huandikwa W55, nao paka asidharauliwe, kwani jino lake ni jembamba na huzika vijidudu ndani. Panya ni W53, na kwa kawaida hasababishi kichaa. Sumu ya nyoka ni T63.0 pamoja na X20, na chanjo ya mbwa haihusiki kabisa. Jino la binadamu ni W50. Kijana aliyempiga mwenzake ngumi ya meno, akachanika kwenye vifundo vya vidole, mara nyingi huona haya kusema ukweli na kudai amejikata. Jeraha hilo huoza vibaya, na pengine daktari atataka kufikiria Ukimwi na homa ya ini aina ya B, mambo ambayo yana saa zake. Aseme ukweli, siri haitoki chumbani.

Na kwa kuwa bado wapo wanaosema mate ya mbwa ni dawa, wakimtaja Lazaro maskini katika Injili ya Luka aliyelambwa vidonda na mbwa: Injili inatuonyesha taabu yake, haitufundishi tiba. Kulambwa na mbwa mwenye kichaa mahali penye kidonda huhesabiwa katika kundi moja na kung'atwa, na huhitaji chanjo pamoja na dawa ya kinga inayochomwa kuzunguka jeraha pale inapopatikana. Dawa hiyo ya kinga haitolewi tena ikipita siku ya 7 tangu sindano ya kwanza. Basi kwenye cheti iandikwe pia: imetolewa, au haikuwapo.

Sehemu ya mgonjwa

Hatutegemei mama ajue S81. Tunategemea asikae kimya. Ukiingia chumbani kwa mganga siku ya marudio usingoje aulize. Sema hivi: "Shikamoo daktari. Mtoto huyu aling'atwa na mbwa barabarani. Alianza sindano Jumatatu tarehe tano, ya pili alichomwa Alhamisi, leo ni siku ya saba." Akijibu marahaba na kuchukua kalamu, umemwambia yote anayohitaji kuandika. Kabla hujatoka, tazama cheti. Kama neno "mbwa" halimo, mwombe kwa heshima aliandike. Hatakasirika, na akikasirika, bado liandikwe.

Jambo lingine ni mbwa mwenyewe. Kama anajulikana, asiuawe na kutupwa, ila afungwe na atazamwe kwa siku 10. Utaratibu huu ni kwa mbwa na paka tu. Akibaki mzima siku zote hizo, daktari anaweza kusimamisha chanjo. Lakini hilo nalo liandikwe pamoja na tarehe: "chanjo imesimamishwa, mbwa ni mzima baada ya siku 10." La sivyo, mwaka kesho itaonekana mgonjwa alitoroka. Mbwa akifa au akitoweka, bwana mifugo aarifiwe haraka, na chanjo iendelee.

Tunajua yanayotokea vijijini. Mwenye mbwa ni jirani, pengine ni mwanakwaya mwenzetu. Anakuja jioni na kuku na shilingi za sabuni, wazee wanakaa, mambo yanaisha kwa amani. Kupatana ni kuzuri. Ila katika kupatana huko mara nyingi hukubaliana pia kwamba hospitali isiambiwe mbwa ni wa nani, na mtoto anaandikwa "ameanguka" au "amejikata". Tunasema wazi kwamba hiyo si amani. Mbwa yule bado yuko, na kesho atakutana na mtoto wa nyumba ya tatu. Afadhali mwenye mbwa achangie nauli za siku zote za marudio, kwa maana hizo ndizo zinazoshinda familia nyingi, na jina la mbwa wake likae rejistani.

Na mtu akikosa tarehe? Aende siku anayoweza, hata kama amechelewa. Chanjo huendelezwa pale ilipoishia, haianzwi upya, mradi cheti kionyeshe ilipoishia. Wengine hukaa nyumbani kwa kuogopa kugombezwa. Wahudumu wetu tunawasihi wasigombeze, wachome sindano kwanza.

Baada ya sindano ya mwisho, cheti kisiwashie moto. Mtu aliyekamilisha chanjo na ana karatasi ya kuthibitisha, akiumwa tena miaka ya baadaye, huhitaji sindano chache tu, na hahitaji tena ile dawa ya kinga ya kuzunguka jeraha ambayo ni ghali na adimu. Akiumwa tena kabla ya miezi mitatu kupita, huoshwa jeraha tu. Asiye na karatasi huanza upya kama mtu ambaye hajachanjwa kamwe, na familia hulipa upya. Kiwekeni pamoja na cheti cha ubatizo. Wenye bima nao wakumbuke kwamba fomu ya madai ina nafasi ya msimbo, na marudio matatu yaliyoandikwa kama wagonjwa wapya watatu yanaweza kuzua maswali na kuchelewesha malipo ya hospitali.

Kwa wanaousoma ukurasa huu katika Jumuiya Ndogo Ndogo, tunawaachia zoezi la kufanya pamoja. Baba Petro ameng'atwa mkononi na mbwa wake mwenyewe, nyumbani, siku ya Jumamosi; amechanjwa siku hiyohiyo kwa ratiba ya siku ya 0, 3 na 7. Arudi siku gani za juma? Baada ya nukta ya W54 paandikwe tarakimu gani? Mbwa bado yuko hai na amefungwa: siku 10 zinaisha lini, na je, zinaisha kabla au baada ya sindano yake ya mwisho? Kisha kila familia ambayo mtu wake alipata kuumwa na mbwa itafute cheti nyumbani, na kuona kama neno "mbwa" limeandikwa humo. Majibu ya zoezi tutayatoa katika toleo lijalo.